Mizani ya Batuli

Kazi yangu ni mapangaboi.
Mwembe Tayari, mlango wa tatu baada ya viatu vya mitumba.
Huletewa yaliyochoka: yanayokoroma,
yanayoyumba juu ya vitanda vya watu
hadi wenyewe wakalala macho wazi.

Nikiwasha moja kulijaribu, Batuli hujua.
Ana miaka minne. Huacha kitumbua chake,
husimama kwa ncha za vidole,
na mikono huanza: pa-pa-pa-pa,
viganja vimelegea
kama leso iliyoanuliwa nusu.

Mwanzoni nilihesabu. Fundi huhesabu.
Nilihesabu na majina aliyopewa:
jirani, *deko*;
mwalimu wa chekechea, *utundu*;
mama mkwe wangu, Bi Mwanaesha, akashusha sauti,
*huyu kapandwa na mtu.*
Tukaandikiwa kombe, zafarani kwenye sahani nyeupe,
likayeyushwa kwa marashi.
Akalinywa lote, akaomba jingine,
akapiga mikono kwa utamu wake.

Harusini, kule Kuze, bibi yake akamfunga viganja kwa leso.
Kwa mapenzi. Fundo laini, watu wasione.
Usiku, nikimlaza, nikaona mdomo wa chini
una alama za meno.
Kilichozuiwa mikononi
kilikuwa kimetafuta pa kutokea.
Leso ile ilikuwa na jina, kama leso zote.
Nimejaribu kulikumbuka. Sikumbuki.

Hospitali, benchi refu, kisha chumba kidogo.
Bi Kadzo hakumshika mikono.
Alikaa sakafuni na gauni lake safi,
akamtazama muda mrefu,
halafu akaniuliza mimi:
"Huwa ni wakati gani?"
Nikafungua kinywa.
Mara ngapi, nilijua.
Wakati gani, sikujua.

Basi nikaanza kuangalia.
Birika likikaribia kuchemka: polepole, chini, karibu na kiuno.
Mahamri yakifura kwenye mafuta: juu, mbio, na kicheko.
Mjomba wake akirudi kutoka Changamwe:
mkono mzima, toka begani,
ndiyo shikamoo yake, nyingine hana bado.
Stima ikikatika, jenereta la jirani likinguruma:
vidole vigumu, karibu na masikio,
kicheko hakuna;
na hapo, kumbe, hakuhitaji kukanywa,
alihitaji kutolewa nje.

Jicho likizoea haliachi. Nikawaangalia na wengine.
Muuza kahawa anagonganisha vijikombe
hata barabara ikiwa tupu.
Bi Mwanaesha, uradi umekwisha zamani,
tasbihi bado inazunguka.
Mimi nazungusha bisibisi kidoleni
kila nikipiga hesabu za kodi.
Hakuna aliyetufunga leso.

Pangaboi linaloyumba halitengenezwi kwa kushikwa.
Lishike, mota iungue.
Unatafuta bawa lililo jepesi,
unabandika sarafu kwa gundi,
kijiuzito tu, kisicho na kazi nyingine yoyote,
nalo linatulia
huku linazunguka.
Miaka kumi na tisa nafanya hivyo
na sikuwaza.

Sisemi nimeelewa yote.
Zipo siku anapiga mikono ukutani,
nami sijui ni furaha au ni nini,
nakaa naye tu hadi ipite.

Jana Bi Mwanaesha alipita dukani.
Batuli yuko mbele ya pangaboi la bluu,
vidole vya miguu, viganja, mabega, kila kitu.
Bibi akashika pembe ya leso yake
akaanza kuhangaika na fundo.
Bisibisi ikanianguka.
Kumbe anafungua hela.
Akamtuma kijana wa jirani soda moja baridi,
akavuta stuli, akakaa kando ya mjukuu wake,
wakatazama juu, wawili wao,
hadi mabawa yakasimama.

"Hili la bluu," akasema,
bila kunitazama,
"hebu liwashe tena."